Kutazama Mechi za Wengine: Faragha ya Mchezaji katika Gemu za Mtandaoni

Mechi inayochezwa katika gemu ya mtandaoni haiishi pale matokeo yanapotangazwa. Tangu wachezaji wanapoingia uwanjani hadi mshindi anapopatikana, kila hatua, kila pigo na kila amri hupita katika seva, yaani kompyuta kuu ya kampuni inayoendesha mchezo, na seva hiyo inaweza kuyahifadhi yote hayo kisha ikamwonyesha mtu ambaye hakuwamo kabisa katika mechi. Uwezo huo ndio uliozaa mashindano ya gemu yanayofuatiliwa na mamilioni ya watu, na ndio huohuo unaomwezesha mtu asiyejulikana kumwandama kijana mmoja usiku kucha, mechi baada ya mechi, bila kijana huyo kuwa na habari. Swali la nani aruhusiwe kutazama, na nani hasa mwenye mamlaka ya kutoa ruhusa hiyo, limejibiwa na kampuni peke yake kwa muda mrefu mno, ilhali wanaoguswa zaidi na jibu ni wachezaji.

Kuna aina mbili za mechi ambazo hazina budi kutofautishwa. Ya kwanza ni mechi ya wazi, ambamo mfumo wa gemu huwakusanya watu wasiofahamiana, ukawapanga kwa kadiri ya viwango vyao na kuwaingiza uwanjani; anayebonyeza kitufe cha kuanza anajua kwamba atakutana na wageni na kwamba matokeo yake yataingia katika hesabu ya wote. Ya pili ni mechi ya faragha, ambayo mtu mmoja hufungua chumba, akaweka nywila au akatuma mialiko, na wanaoingia ni wale tu anaowataka: ndugu walio katika miji tofauti, wanafunzi wa darasa moja, au timu ya kulipwa inayofanya mazoezi kwa siri kabla ya mashindano. Wengi hudhani kwamba anayefunga chumba amefunga pia macho ya walio nje. Dhana hiyo si sahihi kila mara, kwa sababu katika gemu nyingi ruhusa ya kuingia kucheza na ruhusa ya kuingia kutazama ni mambo mawili yanayoongozwa na mipangilio miwili, na huo wa pili aghalabu hujificha ndani ya menyu ambayo wachache huifungua.

Wepesi wa kuchungulia mechi ya mtu unatokana na jinsi rekodi yenyewe inavyotengenezwa, kwani kwa kawaida rekodi hiyo si video. Gemu ya Doom, iliyotolewa na kampuni ya id Software ya Marekani mwezi Desemba 1993, ilihifadhi rekodi zake kwa kuandika kile mchezaji alichobonyeza katika kila sehemu moja ya 35 ya sekunde, na mtu aliyepewa faili hilo aliliingiza katika nakala yake ya gemu, nayo gemu ikaicheza upya mechi nzima kwa kufuata maandishi hayo. StarCraft, gemu ya vita iliyotoka mwaka 1998, ilipata uwezo kama huo katika toleo lake la 1.08 la mwaka 2001, na mashabiki wakaanza kutumiana mechi za mabingwa kama watu wanavyotumiana picha. Halo 3 ya mwaka 2007 ikaenda mbali zaidi, kwani mechi za wachezaji zilihifadhiwa zenyewe kama filamu ambayo mtazamaji aliweza kusogeza kamera yake popote uwanjani.

Faili la namna hiyo ni jepesi, lakini lina mambo mengi kuliko video yoyote. Video huonyesha kile tu kilichoonekana kwenye skrini ya mtu mmoja, ilhali rekodi ya amri humruhusu mtazamaji kusimama nyuma ya bega la mchezaji yeyote anayemtaka, akaona alibonyeza nini alipobabaika, aligeuka mara ngapi kuitazama kona ileile, alikawia kiasi gani kabla ya kufyatua, na wenzake walikuwa wapi wakati huo. Kocha mzuri hujifunza mengi kutokana na mambo hayo, na adui naye hujifunza yaleyale. Mtu aliyeangalia mechi thelathini za mpinzani wake kwa njia hii anamjua kuliko mpinzani huyo anavyojijua, na ndiyo maana timu kubwa huzilinda rekodi za mazoezi yao kwa wivu mkubwa.

Kutazama mechi ikiwa bado inaendelea kunaleta shida ya aina nyingine. Mwaka 2001 gemu ya Half-Life, ambayo Counter-Strike ilizaliwa ndani yake, ilipata programu iitwayo HLTV, iliyoingia katika mechi kama mtazamaji mmoja kisha ikawagawia maelfu ya watu wengine kile ilichokiona, ikiwa imekichelewesha kidogo kwa makusudi. Ucheleweshaji huo una sababu nzito. Katika bao, kete zote ziko mbele ya kila mtu, na anayesimama kando haoni chochote ambacho mchezaji haoni, hivyo kosa lake pekee linaweza kuwa kufungua mdomo. Gemu nyingi za mtandaoni zimejengwa kwa namna iliyo kinyume na hiyo, kwa kuwa sehemu kubwa ya uwanja hufunikwa na kile wachezaji wanachokiita ukungu wa vita, na mchezaji huona tu eneo ambalo askari wake wamelifikia. Mtazamaji hafikiwi na ukungu huo. Yeye huona pande zote mbili kwa pamoja, na ujumbe wake mmoja wa simu kwa mchezaji aliye rafiki yake unatosha kuiharibu mechi. Ikiwa anayatazama mambo yaliyotokea dakika tatu zilizopita, ujumbe wake hauna thamani kubwa.

Historia ya mashindano inaonyesha kwamba hofu hiyo si ya kubuni. Mwezi Oktoba 2012, katika mashindano ya dunia ya League of Legends jijini Los Angeles, mchezaji mmoja wa timu ya Azubu Frost ya Korea Kusini aligeuza kichwa na kuitazama skrini kubwa iliyowekwa kwa ajili ya watazamaji ukumbini, na kampuni ya Riot Games, mmiliki wa gemu hiyo, iliitoza timu yake faini ya dola 30,000. Lililotokea miaka minane baadaye lilikuwa zito zaidi. Mwezi Septemba 2020, tume ya kimataifa ya uadilifu wa michezo ya kielektroniki, ijulikanayo kwa kifupi kama ESIC, iliwaadhibu makocha 37 wa Counter-Strike: Global Offensive kwa kutumia kasoro ya gemu iliyoifanya kamera ya kocha ikwame mahali fulani uwanjani, mahali ambapo aliweza kuwaona wapinzani wakipita ingawa kanuni zilimruhusu kuona tu kile ambacho wachezaji wake walikiona. Baadhi walikaa hapo kwa raundi chache tu, wengine kwa mechi nzima. Ushahidi uliowatia hatiani ulitoka katika rekodi za mechi zilezile, zilizohifadhiwa kwa miaka kadhaa na kupitiwa upya kwa msaada wa programu, kwani rekodi iliandika pia kamera ya kocha ilikuwa wapi. Ikumbukwe basi kwamba rekodi ni shahidi, na kwamba anayetetea faragha ya wachezaji hapaswi kudai rekodi zifutwe zote.

Wapo walioamua kuuacha mlango wazi kabisa, na mfano bora ni Lichess, tovuti ya sataranji iliyoanzishwa mwaka 2010 na Mfaransa Thibault Duplessis, isiyotoza malipo wala kuweka matangazo ya biashara. Kila mchezo unaochezwa humo hupewa anwani yenye alama 8, za herufi na tarakimu, na mtu yeyote mwenye anwani hiyo anaweza kuutazama. Mchezaji mwenyewe hupewa alama nyingine 4 za siri zinazofuatia zile 8, na hizo 4 ndizo zinazomtambulisha kama mwenye kete. Mwenye 8 hutazama, mwenye 12 hucheza. Zaidi ya hayo, michezo yote inayohesabiwa katika viwango tangu mwaka 2013 hukusanywa katika mafaili makubwa ya kila mwezi ambayo mtafiti yeyote anaweza kuyapakua bila kuomba ruhusa. Mfumo huo hauna ubaya wowote, kwa sababu uwazi wake umetangazwa tangu mwanzo, unawahusu wote kwa kipimo kimoja, na asiyetaka jina lake lifuatiliwe anaweza kucheza bila kufungua akaunti. Tatizo huzuka pale ambapo mtu aliambiwa, au alifanywa aamini, kwamba yumo ndani ya chumba chake.

League of Legends ilichagua njia ya katikati, na kwa hiyo inafaa kutazamwa kwa karibu. Mfumo wake wa utazamaji, kwa namna ulivyojengwa katika miaka ya mwanzo, uliikata mechi inayoendelea katika vipande vya sekunde 30, ukaviweka kwenye seva maalumu, kisha ukamwezesha mtazamaji kuvipokea baada ya dakika kama tatu. Vipande hivyo vilifungwa kwa usimbaji, yaani viligeuzwa kuwa maandishi yasiyosomeka bila ufunguo, lakini ufunguo wenyewe Riot iliutoa kupitia mlango rasmi ambao watengenezaji wa programu nyingine waliruhusiwa kuutumia ili kupata taarifa za wachezaji. Tovuti za nje ziliuchukua ufunguo huo, zikatengeneza faili dogo ambalo mtu alilibonyeza mara moja tu, na gemu yake ikafunguka moja kwa moja ndani ya mechi ya mtu asiyemjua. Kwa mechi za mashindano zinazoandaliwa kupitia mlango huohuo, mwandalizi hutakiwa kuchagua moja kati ya hali tatu: asitazame mtu yeyote, watazame waliomo chumbani tu, au watazame wote. Chaguo hizo tatu ni sahihi kabisa, ila hazikuwepo kwa mchezaji aliyeingia katika mechi za kawaida za viwango, na pengo hilo ndilo lililozaa mgogoro unaostahili kukumbukwa na kila anayejali suala hili.

Mgogoro huo ulimhusu Lee Sang-hyeok wa Korea Kusini, ajulikanaye zaidi kwa jina la uwanjani Faker, ambaye akiwa na timu ya SK Telecom T1 alitwaa ubingwa wa dunia mwaka 2013 akiwa bado na umri wa miaka 17. Kama wachezaji wengine wakubwa, Faker alikuwa chini ya mkataba wa kurusha mechi zake mbashara kupitia kampuni moja tu, nayo ilikuwa Azubu, na mashabiki waliotaka kumwona akifanya mazoezi walipaswa kwenda huko. Mwanzoni mwa mwaka 2015, mtu mmoja alifungua chaneli kwenye Twitch, mshindani mkubwa wa Azubu, akaipa jina la SpectateFaker. Chaneli hiyo haikuiba video hata moja. Iliendeshwa na programu ndogo iliyosubiri hadi akaunti ya Faker ianze mechi, ikaingia kama mtazamaji kupitia mfumo wa gemu yenyewe, na kuirushia dunia kile ilichokiona, saa zote ambazo bingwa huyo alikuwa akicheza, awe ametaka au hakutaka.

Azubu ilituma Twitch dai la kuiondoa chaneli hiyo kwa kutegemea sheria ya Marekani ya mwaka 1998 ijulikanayo kama DMCA, inayomwezesha mwenye hakimiliki, yaani mwenye haki ya kisheria juu ya kazi ya ubunifu, kudai kazi yake iondolewe haraka mtandaoni. Dai hilo lilikuwa na kasoro kubwa: picha za mechi iliyotazamwa kwa njia ya mtazamaji hazikuwa mali ya Azubu, wala za Faker, kwa kuwa kwa masharti ya gemu mwenye mali hiyo ni Riot. Mwendeshaji wa chaneli akasimama juu ya hoja hiyo, akisema kwamba mfumo unamruhusu kila mtu kutazama na kwamba yeye hakuvunja kanuni yoyote. Marc Merrill, mmoja wa waasisi wa Riot, mwanzoni alilieleza jambo hilo kama uonevu dhidi ya mchezaji mmoja. Baada ya mabishano makali, kampuni ikatoa msimamo uliopimwa zaidi: Azubu haikuwa na haki ya kutumia sheria ile, kurusha mechi za wengine kwa njia ya mtazamaji hakukatazwi kwa jumla, lakini Riot itaingilia kati pale kunapomdhuru mchezaji fulani, na SpectateFaker ilikuwa imemdhuru. Chaneli ikafungwa.

Wengi waliouzungumzia uamuzi huo walijikita katika fedha na mikataba, wakasahau jambo lililokuwa zito kuliko yote. Pande tatu zilizobishana zilikuwa kampuni ya kurusha matangazo, mwendeshaji wa chaneli na mmiliki wa gemu, na kila upande ulitaja haki uliyodai kuwa nayo. Faker, ambaye vidole vyake ndivyo vilivyozaa kila sekunde iliyotazamwa, hakuwa na haki yoyote ya kutaja kwa jina lake mwenyewe. Hakimiliki haikumtambua. Alipona kwa sababu kampuni iliona vyema kumsaidia, na iliona hivyo kwa sababu alikuwa Faker. Mchezaji wa kawaida wa Busan, au wa Mombasa, ambaye mtu fulani ameamua kumwandama kwa programu ileile, hana waasisi wa kumtetea hadharani. Haki inayotegemea umaarufu wa mwenye kuidai haistahili kuitwa haki, na kwa maana hiyo mgogoro ule uliisha bila kutatuliwa.

Njia iliyo bora ilianza kufunguka baadaye, kutoka upande wa sheria za taarifa binafsi. Kanuni ya Umoja wa Ulaya ya kulinda taarifa hizo, iliyoanza kutumika tarehe 25 Mei 2018, inahesabu utambulisho wa mtandaoni unaoweza kumfichua mtu kuwa taarifa binafsi, na kwa hiyo historia ya mechi iliyofungamana na akaunti ya mtu inaweza kuingia humo. Mwezi mmoja kabla ya tarehe hiyo, Valve, kampuni inayoendesha duka la gemu la Steam, iliificha orodha ya gemu za kila mtumiaji katika mpangilio wa awali, yaani hali inayokuwepo kabla mtumiaji hajabadilisha chochote, na huduma ya takwimu iitwayo Steam Spy, iliyotegemea orodha hizo kuwa wazi, ikapoteza chanzo chake mara moja. Hakuna mfano unaoonyesha vizuri zaidi nguvu ya mpangilio wa awali. Watu walikuwa na uwezo wa kujificha siku zote, lakini walio wengi hawakuwahi kuugusa.

Nchini Marekani mpangilio wa awali uligeuka kuwa suala la mamilioni ya dola. Mwezi Desemba 2022, kampuni ya Epic Games, watengenezaji wa Fortnite, ilikubali kulipa dola milioni 275 ili kumaliza shauri la serikali kuhusu faragha ya watoto, ambamo ilidaiwa pamoja na mengine kwamba mazungumzo ya sauti na maandishi yaliachwa wazi huku watoto wakikutanishwa na wageni. Makubaliano yaliitaka kampuni iyazime mazungumzo hayo kwa watoto na vijana tangu mwanzo, hadi ruhusa itolewe. Kinachohitajika kwa mechi za faragha ni kanuni hiyohiyo, iandikwe waziwazi: chumba kikifungwa, utazamaji nao ufungwe, na ufunguliwe kwa ridhaa ya wote waliomo, kwa kuwa rekodi ya mechi humwonyesha kila mchezaji na wala haimwonyeshi mwenye chumba peke yake. Rekodi zibaki kwenye seva kwa ajili ya waamuzi wanaochunguza udanganyifu, kwa muda unaojulikana, na zisigawiwe tovuti za nje bila mhusika kukubali.

Jambo hili linawahusu wasomaji wa Afrika Mashariki moja kwa moja, kwa kuwa gemu za simu zinazochezwa sana mitaani, kama vile PUBG Mobile na Free Fire, huruhusu mtu kuitazama mechi ya rafiki yake inapoendelea. Neno rafiki ndani ya gemu hizo lina maana pana kupita kiasi; mtoto hukubali ombi la mtu aliyecheza naye mara moja kwa kugusa skrini tu, na tangu hapo mtu huyo anaweza kujua mtoto yuko mtandaoni saa ngapi, anacheza na nani na kwa muda gani. Mtu mzima mwenye nia mbaya hahitaji zaidi ya hayo ili kujenga mazoea. Mzazi anayempa mtoto simu hana budi kuikagua orodha hiyo ya marafiki pamoja naye, ampunguzie wale asiowajua, na kuutafuta mpangilio wa utazamaji katika menyu ya faragha.

Sheria nazo zipo. Katiba ya Tanzania, katika ibara ya 16, na Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika ibara ya 31, zinatambua haki ya faragha. Kenya ilitunga Sheria ya Ulinzi wa Data mwaka 2019, inayotaka ridhaa ya mzazi au mlezi kabla ya taarifa za mtoto kutumiwa, na Tanzania ikatunga Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi mwaka 2022, iliyoanza kutumika mwezi Mei 2023. Mchezaji anayeona kwamba mechi zake za faragha zimeanikwa bila ridhaa yake aiandikie kwanza kampuni ya gemu, atunze nakala ya barua na ya majibu, na asipotendewa haki apeleke malalamiko kwa Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi akiwa Tanzania, au kwa Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data akiwa Kenya, kwani ofisi zote mbili zimepewa na sheria kazi ya kupokea malalamiko ya wananchi.